Kimambo si wa watawala peke yao

Ndugu mwandishi, makala yako imetulia, ila mwanahistoria Profesa Isaria Kimambo umemfungia kwenye siasa za watawala wa jadi, kana kwamba aliweka kalamu chini baada ya kitabu chake cha 1969 kuhusu Wapare. Soma kitabu chake cha 1991, Penetration and Protest in Tanzania. Humo watawala wanarudi nyuma kidogo, anakuja mkulima: kodi, kahawa, vijana kuteremka kwenda kukata mkonge. Mwaka 1996, katika kitabu cha Custodians of the Land alichohariri na wanahistoria wenzake Maddox na Giblin, akaandika juu ya njaa na mazingira ya milimani na tambarare karne ya 19.

Na kodi ya Mbiru je? Januari 1945 maelfu ya Wapare walishuka hadi Same kuikataa kodi ile, wakapiga kambi. Hukuigusa kabisa! Miaka michache baadaye majirani zao Wasambaa waligomea matuta ya lazima, na serikali ya kikoloni iliyoyaita hifadhi ya udongo haikuwa imewauliza. Hilo ameliandika mwanahistoria Steven Feierman.

Na utaalamu wa ardhi na maji haukuletwa na serikali: Upareni watu walikuwa na ndiva, mabwawa ya kukinga maji usiku na kuyafungulia mashambani mchana, kwa zamu, kabla ya afisa kilimo yeyote. Wataalamu wa miradi ya umwagiliaji wangeanzia hapo.

Tatizo, vitabu hivi ni vya Kiingereza. Walimu wa historia pale Mlimani, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, tufasirieni hata sura mbili tu.