Sinema Yetu Ilie kwa Sauti Yetu



Mwezi uliopita nilialikwa kutazama picha ya sinema iliyotengenezwa na vijana wa wilaya yetu kwa fedha zao wenyewe. Picha ilikuwa nzuri, nami nawapongeza. Lakini yalipofika mazishi ya bibi, jeneza linatolewa, wanawake wanalia, mara ikaanza piano ya ugenini, ile ile tuliyokwisha isikia katika matangazo ya sabuni. Watu wakacheka. Msiba wa bibi yetu ukageuka mzaha! Nilipouliza nikajibiwa kuwa muziki ule uliokotwa bure katika intaneti, kwani fedha zilikwisha.

Zilikwishaje? Kamera ilikodiwa, taa zilikodiwa, wali ulipikwa. Mtunzi wa muziki peke yake ndiye aliyesahauliwa tangu siku ya kwanza.

Wala umaskini si hoja. Satyajit Ray wa Bengal alianza kupiga picha yake ya Pather Panchali mwaka 1952 bila tajiri nyuma yake. Vito vya mkewe viliwekwa rehani, kazi ikasimama mara kwa mara, hata serikali ya West Bengal ikamsaidia, picha ikatoka mwaka 1955. Hata hivyo hakuokota muziki. Alimwita Ravi Shankar, fundi wa sitar, aliyekuwa na nafasi ndogo mno. Fundi yule aliona sehemu tu ya picha, wakarekodi kwa kikao kimoja cha muda wa saa 11 hivi. Palipobaki pengo, mpiga picha Subrata Mitra alishika sitar mwenyewe. Na mama anapomlilia binti yake aliyekufa, sauti yake haisikiki kabisa. Badala yake inalia ala ya nyuzi, tar shehnai. Nani awezaye kucheka hapo?

Hapa Afrika, Ousmane Sembène wa Senegal alimpa Manu Dibango wa Kamerun muziki wa Ceddo (1977). Djibril Diop Mambéty, kwa picha yake Hyènes (1992), alimtumia ndugu yake Wasis Diop.

Basi mtunzi aitwe mapema, aonyeshwe picha, ahesabu sekunde zake. Pengine atasema hapa pasiwe na muziki, naye asikilizwe; ziko picha zetu ambazo ngoma hazinyamazi hata maneno hayasikiki! Tena alipwe. Kumwambia "utapata jina" ni unyonyaji, na unyonyaji wa Mwafrika kwa Mwafrika hauna utamu zaidi. Tangu mwaka 1999 Tanzania ina Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki. Mapatano yaandikwe, ijulikane wimbo ni mali ya nani picha ikiuzwa.

Vijana wale wameanza picha ya pili, habari za wavuvi. Nyumba ya tatu kutoka kwao anakaa mzee mpiga zeze. Hadi naandika haya, hakuna aliyekwenda kumpigia hodi.