Mchanga Ndani ya Omena

Darasani tunakariri nguzo nne za kutafuta soko: bidhaa, bei, mahali na matangazo. Vizuri. Lakini likizo iliyopita nilimsaidia mama kuuza omena sokoni Migori, omena ya Sori iliyoanikwa mchangani. Mteja mmoja akatafuna kidogo, akatema. "Jamani, huu si mchanga?" Akahamia kwa jirani yetu, ambaye gorogoro lake lilikuwa ghali kuliko letu! Omena yake ilitoka Homa Bay, imeanikwa juu ya nyavu.

Mama akasema tupunguze bei. Mimi napinga. (Nyumbani sikuthubutu, ndiyo maana naandika hapa.) Yule mteja hakulalamikia bei, alilalamikia meno yake. Hata mwaka 1999, Umoja wa Ulaya ulipozuia samaki wa Ziwa Victoria, kilichohofiwa ni sumu, si bei. Na omena ikiharibika huishia kuwa chakula cha kuku, kwa bei ya kutupa.

Sasa eti tutangaze redioni. Tutangaze nini, mchanga? Likizo ijayo mama akienda Sori, nitamwomba aulize kwanza omena ilianikwa wapi, ndipo aulize bei.