Bibi harusi, mpaka wa shamba lako uko wapi?

Dada zetu wa Unguja na Pemba,

Sisi wanawake wa Mkuyuni, huku chini ya milima ya Uluguru, tumechoka kuambiwa, "Nyamaza, linda ujirani." Jirani akisogeza migomba yake hatua mbili ndani ya shamba la mwanamke, tunyamaze. Mwaka wa pili akipanda mananasi, tusubiri. Mwaka wa tatu tukienda kuangua mafenesi yetu wenyewe, sisi ndio tunaitwa wavamizi!

Jamani, hiyo si subira. Subira ni kwa mtihani wa Mola, si kwa jembe la jirani. Mtume (s.a.w.) ametuonya, katika Hadithi waliyoipokea Bukhari na Muslim, kwamba anayechukua ardhi ya mtu kwa dhulma, hata shubiri moja, Siku ya Kiyama atavishwa shingoni ardhi saba. Onyo hilo ni letu pia. Sahaba Said bin Zaid (r.a.) aliisimulia Hadithi hiyo aliposhitakiwa na mwanamke, Arwa, kwamba amemega ardhi yake. Kwa hiyo tudai kilicho chetu, tusiongeze hata shubiri.

Na sheria haina subira. Tanzania Bara, kesi ya kudai ardhi ina ukomo wa miaka 12. Mtoto aliyezaliwa mwaka jirani alipong'oa jiwe la mpaka anakaribia kumaliza shule ya msingi, na wewe bado unaona haya. Mlango ukishafungwa, haya yako haitaufungua.

Wanasema mwanamke mwenye heshima haendi barazani. Mbona Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi ya 2002 inataka Baraza la Ardhi la Kijiji liwe na wajumbe 7, na 3 kati yao wawe wanawake? Kazi ya baraza hilo ni kusuluhisha. Baraza la Kata nalo, tangu marekebisho ya 2021, linasuluhisha tu. Mkishindwana huko ndipo mnakwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Ujirani unavunjwa na panga na matusi, hauvunjwi na watu kukaa kitako wakasuluhishwa.

Sasa nyinyi mabibi harusi. Kwetu Waluguru ardhi hufuata ukoo wa mama. Lakini tunawashonea magauni wasichana wanaojua bei ya kila shanga, na hawajui shamba lao linaishia wapi. Mahari imetajwa mbele ya mashahidi, kanga zimejaa sandukuni, kisha anahamia kwa mume na shamba linabaki bila hata jiwe. Fundi gani anakata kitambaa kabla ya kupima?

Kabla ya nikaha, tembea mpaka wako pamoja na mjomba, majirani wa pande zote na mwenyekiti wa kitongoji. Wekeni mawe, andikeni, wote watie saini. Kisha omba hatimiliki ya kimila kijijini, chini ya Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999. Nyinyi wa visiwani mna sheria zenu na Mahakama yenu ya Ardhi, ulizeni mapema. Allah ametuamrisha kuandika deni na kuweka mashahidi. Shamba la mama yako ni dogo kuliko deni?

Wabillahi tawfiq.