Madhara ya Dawa ya Zamani Huandikwaje?

Juma lililopita nilimsindikiza shangazi yangu hospitali pamoja na mwanawe, kijana wa miaka ishirini na zaidi, aliyehitaji cheti cha daktari kuhusu macho yake. Kijana huyo husoma gazeti hili bila ya miwani, maandishi makubwa na madogo. Lakini ukimjia kwa ubavuni hakuoni. Huvigonga viti, huwakanyaga watu kituoni, na tangu alipokuwa shule ya msingi ameitwa mzembe. Siku hizi, ikiingia jioni, huitwa mlevi, ingawa hajapata kuonja pombe.

Karani wa kumbukumbu aliipokea karatasi ya daktari, akaandika herufi na tarakimu chache katika kompyuta, kisha akasema, "Tayari, mama. Kasoro ya eneo la kuona."

"Na kwinini, mwanangu, umeiandika?" akauliza shangazi.

Karani akaitazama tena ile karatasi. "Kwinini ipi, mama?"

Shangazi alikuwa amekwisha kumweleza daktari asubuhi ile, lakini daktari, mwenye foleni ndefu mlangoni, aliandika hali ya macho peke yake. Na karani haruhusiwi kubuni. Huandika kilichoandikwa.

Mwaka 2004 kijana huyo, akiwa na umri wa miaka minne, aliokota vidonge vya kwinini vya bibi yake ndani ya kopo la maziwa. Vidonge vile vilipakwa ganda la sukari kwa nje, naye akavila kama peremende. Alitapika, akalalamika kuwa masikio yanavuma, na kabla ya siku kwisha alikuwa akipapasa ukuta. Kwinini ikizidi kipimo huudhuru utando wa ndani ya jicho, ule unaopokea mwanga, na mishipa yake midogo ya damu husinyaa. Aghalabu uoni wa katikati hurudi, wakati mwingine baada ya siku chache, na hapo watu wa nyumbani hushukuru wakidhani yamekwisha. Kumbe ule wa pembeni waweza usirudi kamwe. Mtu hubaki kama anayeutazama ulimwengu kupitia bomba.

Sasa, katika hospitali nyingi duniani, maradhi hayaandikwi kwa maneno tu, bali pia kwa alama za kitabu kiitwacho Uainishaji wa Kimataifa wa Maradhi, kinachotunzwa na Shirika la Afya Duniani. Asili yake ni orodha ya sababu za vifo ambayo Mfaransa Jacques Bertillon aliiwasilisha Chicago mwaka 1893. Shirika la Afya Duniani lilikichukua mwaka 1948. Toleo la 10 lilipitishwa mwaka 1990, na la 11 lilianza rasmi tarehe 1 Januari 2022, ingawa kuhama kutoka toleo moja kwenda jingine ni kazi ya miaka. Alama ninazozitaja hapa ni za toleo la 10.

Laiti mtoto yule angeandikwa siku ile ile aliyovila vidonge, angepata T37.2, yaani sumu ya dawa za malaria, pamoja na X44, inayoeleza kuwa ilitokea kwa bahati mbaya. Lakini leo hana sumu mwilini. Kwinini ilikwisha kutoka mwaka ule ule wa 2004. Alichonacho ni kile ilichokiacha. Kwa hiyo kitabu kinaagiza kwamba hali iliyopo ndiyo itangulie, nayo hapa ni H53.4, kasoro ya eneo la kuona. Kisha nyuma yake ifuate T96, ambayo maana yake ni madhara yaliyobaki baada ya sumu ya dawa. Na ikiwa sababu ni ajali kama hii, huongezwa Y86. Alama ya kwanza yasema mtu ana nini. Zinazofuata zasema alikipata wapi.

Je, ni lini sumu huacha kuwa sumu na kuwa madhara yaliyobaki? Kitabu kinasema ni pale daktari anapoandika waziwazi kuwa hali hii imetokana na sumu ya zamani, au pale hali hiyo inapokuwapo baada ya mwaka mmoja au zaidi tangu siku ya tukio. Mtu ambaye bado anaitumia dawa inayomdhuru hahesabiwi humo.

Lipo jambo moja ambalo huwachanganya hata watumishi wa afya, nami nitalikalia kidogo. Neno sumu katika kitabu hiki halina maana kwamba dawa yenyewe ni mbaya. Maana yake ni kwamba dawa ilitumika isivyopasa: kipimo kilizidi, ilikuwa si dawa yake, ilimezwa na asiyehusika, au iliingia mwilini kwa njia isiyo yake. Mchukue mzee aliyechomwa sindano za streptomaisini kwa ajili ya kifua kikuu, kwa kipimo sahihi na kwa siku zilizoagizwa, na akapona kifua lakini masikio yakafa. Streptomaisini na ndugu zake huua chembe za sikio la ndani, nazo kwa binadamu hazioti tena. Mzee huyo hakupewa sumu. Alipewa dawa iliyo sawa, ikamdhuru. Yeye huandikwa H91.0, uziwi uliosababishwa na dawa, pamoja na Y88.0, madhara yaliyobaki ya dawa iliyotolewa kwa matibabu. Hapati T96.

Msomaji atauliza, tofauti hiyo yamfaa nini mzee ambaye hasikii kwa vyovyote vile? Yeye binafsi, pengine si kitu. Lakini ajali za watoto zikijaa daftarini, twajua la kufanya: vifuniko vigumu, makabati yenye kufuli, elimu majumbani. Na uziwi wa dawa iliyotolewa sawasawa ukijaa, basi dawa yenyewe ndiyo ya kutazamwa. Mwaka 2018 Shirika la Afya Duniani lilishauri kwamba kanamaisini na kapreomaisini zisitumike tena kutibu kifua kikuu sugu, na madhara yake kwa masikio yalikuwa miongoni mwa mambo yaliyopimwa. Masikio yale yangeandikwa "uziwi" tu, hakuna ambaye angejua yalipotea wapi.

Hata hivyo nina lalamiko langu juu ya T96. Alama hiyo haisemi ni dawa gani. Kwinini, dawa ya usingizi, dawa ya kifafa, zote huingia katika kapu moja. Wamarekani, ambao tangu Oktoba 2015 hutumia toleo lao wenyewe la kitabu hicho hospitalini, huiacha alama ya dawa palepale na kuiongezea herufi S mwishoni, hivyo kijana wetu huko angekuwa T37.2X1S, na kwinini isingepotea. Kwetu jina la dawa litabaki tu endapo daktari ataliandika kwa maneno. Na daktari ataliandika endapo ataambiwa.

Na hapa nafika penye uzito. Kwa miaka mingi shangazi alikuwa akiwaambia madaktari kuwa mtoto aliugua homa kali. Si kwamba alisahau. Aliogopa neno sumu. Aliona kwamba likiandikwa, mama yake mzazi ndiye atakayeitwa mtilia sumu, na huenda polisi wakabisha hodi. Bibi naye, tangu siku ile hadi alipofariki, hakuweka tena hata kidonge cha kichwa chini ya paa lake. Kama kuna mtu aliyeadhibiwa, aliadhibiwa. Laiti wangejua kwamba kitabu kile kimezitenga ajali, kujidhuru na kudhuriwa na mwingine, kila moja na alama yake, na ipo hata ya pale isipojulikana!

Homa ile ya kubuni iligharimu. Vipimo vya kichwa vilifanywa mara mbili, na daktari mmoja alimwandalia kijana dawa za kifafa kwa sababu ya kuanguka kwake ngazini. Ndiyo maana nakusihi, ndugu msomaji, ikiwa nyumbani kwako yupo aliyewahi kudhurika kwa dawa, andika katika daftari jina la dawa, kiasi kilichomezwa kadiri mnavyokumbuka, mwaka, na hospitali alikolazwa. Boksi la dawa likipatikana, lihifadhiwe. Ukifika kwa daktari, usiseme tu "macho yake mabaya"; sema "tangu alipomeza kwinini". Na umwombe aandike.

Shangazi alirudi kwenye ile foleni. Tulikaa hadi saa nane mchana. Daktari, kwa uungwana, aliichukua karatasi yake, akamwangalia tena kijana ndani ya macho kwa kile chombo chenye taa, kisha akaongeza mstari mmoja: kutokana na sumu ya kwinini, aliyoimeza kwa bahati mbaya akiwa mtoto, mwaka 2004. Karani aliisoma, akaandika T96 na Y86, akachapa upya.

Kijana aliishika karatasi mbele ya uso wake, mahali anapoona vizuri, akasoma mstari ule mara mbili. Kisha akamwuliza mama yake kama anaweza kupata nakala nyingine, ya kumpelekea mwalimu wake wa zamani.