Mjomba asiye na jina

Katika kazi zetu za fasihi, mhusika mkuu hupewa kurasa kumi, na mhusika mdogo hupewa mstari mmoja. Naona tunakosea, hasa sisi wa fakilte ya lugha. Namleta shahidi: Titos Vandis, mwigizaji Mgiriki aliyezaliwa Piraeus mwaka 1917 na kufariki mwaka 2003, ambaye huko ng'ambo alijulikana zaidi kwa nafasi ndogo ndogo.

Mwaka 1960 aliigiza kama Jorgo katika Never on Sunday ya Jules Dassin. Hadithi inatendeka Piraeus, mji wake mwenyewe. Kiingereza chake kina lafudhi nzito, na hakuna anayemshangaa, kwa kuwa pale mgeni ni Mmarekani Homer. Homer ndiye anayechekwa.

Mwaka 1967 Vandis yuko Broadway, katika Illya Darling, mchezo wa muziki uliotokana na filamu hiyo. Akaendelea kupata kazi Marekani. Sauti ni ile ile, lakini sasa mgeni ni yeye. Mwanafunzi wa Bukavu aliyewahi kufungua kinywa Dar es Salaam anaelewa: kabla hajamaliza sentensi, ameshaulizwa ametoka wapi.

Mwaka 1972 Woody Allen alimfanya Milos, mchungaji Muarmenia aliyependa kondoo wake kimapenzi (ndiyo, kondoo). Mgiriki akawa Muarmenia, kwani kwa masikio ya Hollywood lafudhi zote za upande ule zilikuwa moja. Wapo watakaosema alijishusha. Sikubali. Anamweleza daktari shida yake kwa huzuni ya kweli, bila kukonyeza macho, na kicheko chote kinatoka hapo.

Lakini nafasi ninayoipenda ni ya The Exorcist, 1973. Padri Karras, ambaye pia ni daktari wa magonjwa ya akili, anamkuta mama yake amelazwa katika wodi ya wagonjwa wa akili. Vandis ni mjomba wake. (Kiingereza hakisemi kama ni mjomba au baba mdogo, nimechagua mwenyewe.) Anamwambia kwamba kama asingekuwa padri, angekuwa daktari maarufu na mama angeishi kitajiri. Tumeshasikia Kigiriki cha familia hii nyumbani kwa mama. Hapa mjomba anatumia Kiingereza kilichovunjika sarufi. Kwa nini? Mimi nasikia hivi: anamshtaki kijana kwa lugha iliyomsomesha na kumpeleka mbali nao. Sarufi ingenyooka, shtaka lingepoteza uzito.

Ni dakika chache tu. Hata jina hakupewa. Katika orodha ya waigizaji yeye ni mjomba wa Karras, basi. Anayetafuta mada ya isimujamii kwa kazi ya mwisho wa mwaka aanzie hapo, na walimu wetu wasimwambie kwamba mada ni ndogo.