Mchezo wa Kuua Unaochekesha
Mashine ya Wii, iliyotolewa na Nintendo mwaka 2006, iliingia majumbani kwa sura ya upole: ndogo, nyeupe, na mchezo wa tenisi ndani yake. Mzazi akiiona sebuleni hashtuki. Mwaka 2009 kampuni ya Sega ilitoa kwa mashine hiyohiyo mchezo uitwao The House of the Dead: Overkill, na huo, ndugu msomaji, si mchezo wa mtoto.

Mchezaji hatembei. Mashine ndiyo inayompeleka, kama abiria wa garimoshi, kutoka chumba hadi chumba, na viumbe mfano wa maiti waliofufuka humjia. Kazi yake ni kulenga na kufyatua tu. Wala hahitaji bunduki. Kidhibiti cha mkononi, mfano wa rimoti ya televisheni, kina kamera mbele inayosoma mwanga usioonekana kutoka kwenye ufito uliowekwa karibu na skrini, hivyo alama ya shabaha huufuata mkono popote uelekeapo. Kitufe cha kufyatulia kipo upande wa chini, pale pale kinapotua kidole cha shahada. Mtoto wa miaka 6 hukimudu kwa dakika chache. Wepesi huo unanitia wasiwasi kuliko damu yenyewe.

Kisha kuna mzaha. Watungaji wameiga filamu za kutisha za bei nafuu za Marekani za miaka ya 1970, wakatia chumvi makusudi hadi kitisho kikageuka kichekesho. Mtu mzima anayezijua filamu hizo ataelewa kinachodhihakiwa. Mtoto hadhihaki kitu. Anacheka kichwa kikipasuka. Na mazungumzo, Allah atustiri! Kitabu cha rekodi cha Guinness kiliwahi kuutambua kuwa mchezo wenye matusi mengi kuliko yote. Matusi yenyewe ni ya Kiingereza, basi bibi aketiye pembeni akivuta uradi husikia makelele tu, ilhali mjukuu ameshayahifadhi.

Kasha lake la Ulaya lina alama ya 18. Lakini diski ikiazimwa bila kasha, alama hiyo hubaki nyumbani kwa mwenye nayo. Mchezo huu huchezwa hata na watu wawili kwa pamoja. Basi mzazi na ashike kidhibiti cha pili kwa sura moja tu, sauti ikiwa juu.