AMRI YA KORTI SI KARATASI YA KUFUNGIA SUKARI



Katika reli sote twajua kazi ya ishara. Ikiwa nyekundu dereva husimama, awe anavuta mabehewa ya mizigo au amemchukua Bwana Mkubwa. Twauliza: mbona amri ya korti haiko hivyo?

Tarehe 13 Februari 2017 viongozi saba wa chama cha madaktari walifungwa mwezi mmoja kwa kuwa hawakuusimamisha mgomo kama korti ilivyoamuru. Walitoka kortini wakapelekwa jela siku ile ile. Korti ya Rufani iliwatoa baada ya siku mbili.

Sasa tazameni kwa wakubwa. Machi 2018 Waziri Fred Matiang'i na maofisa wawili walitozwa shilingi 200,000 kila mmoja kwa kuidharau korti katika kesi ya Miguna Miguna. Siku walipotozwa, Miguna alikuwa amekwisha pakiwa katika ndege akapelekwa Dubai. Novemba 2021 George Kinoti, mkuu wa upelelezi, alihukumiwa miezi minne. Jela hakuingia.

Tarehe 13 Septemba 2024 Jaji Lawrence Mugambi alimhukumu Gilbert Masengeli, kaimu mkuu wa polisi, miezi sita, kwa kuwa aliitwa mara saba juu ya watu watatu waliotekwa Kitengela asifike. Alipewa siku saba. Tarehe 20 watu hao wakaonekana wakiwa hai baada ya siku 32, naye akafika kortini, akaomba radhi, adhabu ikaondolewa.

Twaona mambo mawili. Mkubwa akitajwa kwa jina lake, si kwa jina la ofisi, miguu yake hupata nguvu ya kutembea. Lakini mdogo huenda jela siku ile ile, na mkubwa hupewa wiki ya kufikiri. Sheria ni msumeno, tuliambiwa. Msumeno huu una meno upande mmoja.

Wenzetu wa Karurumo, haya si ya Nairobi tu. Mei 2024 kaunti ya Mombasa ilipiga marufuku muguka, na Korti Kuu ya Embu ikaisimamisha marufuku hiyo. Mkulima hana askari wala bunduki; ana karatasi ile tu. Na mfanya kazi aliyerudishwa kazini na korti, akafungiwa lango na bawabu, naye ana nini zaidi?

Nasi tusijione watakatifu. Tukitaka mwajiri atii, yatupasa kutii hata amri inayotuuma, huku tukikata rufani.

Basi kila tawi lishike haya. Mkipata amri, mpelekeeni mkubwa mwenyewe, na aliyeipeleka aandike siku na saa, kisha aape kwa maandishi. Korti itauliza: amri ilikuwa wazi? Aliijua? Alikataa kwa kusudi? Msipokuwa na ushahidi kwamba aliijua amri, kesi imekufa kabla ya kuanza. Akikataa, rudini korti ile ile mkamtaje kwa jina.

Hatuombi wakubwa wafungwe. Twaomba wasimame penye nyekundu, kama sisi.